Kipande cha Pili

Mfunguo Nne, siku ya kwanza.
Maalimu Feruzi anasimulia Hijra
kana kwamba vumbi lake li miguuni mwake bado:
pango, siku tatu, utando wa buibui,
mbuzi waliopitishwa makusudi
wazifute nyayo mchangani.

Mimi nilibaki na yule binti
aliyepanda jabali na chakula,
akakosa kamba ya kufungia,
akaupasua mkanda wake vipande viwili.
Nikauliza: kimoja alifungia masurufu,
cha pili je?
Chuo kizima kikacheka.
Maalimu akasema, kasome.

Alasiri, Kibirizi. Boti imetoka ng'ambo
na magodoro, sufuria, jogoo mmoja,
watu wasiosema.
Lori la kambini linanguruma.
Mama mmoja, mtoto mgongoni,
anatazama dagaa wa bibi yangu
jinsi mtu anavyotazama mlango.

Bibi Sikujua hakumuuliza kabila.
Akavua kanga ya mabegani, mpya, ya Idi,
akaing'ata pindo, akaichana, chwaa!
Nusu akafungia muhogo na migebuka,
akaurusha mzigo
lori likiwa limeshaanza kusogea.

Nusu akajifunga kiunoni.

Tukarudi Ujiji kwa miguu, mimi nyuma yake,
nikilisoma jina la kanga lililokatika:
MWENYEJI APONE limekwenda na lile lori,
na mtaa wetu, dirisha kwa dirisha,
unamwona bibi akipita na maneno mawili,
nyuzi zikining'inia:
MGENI NJOO.