Kiapo cha Tarehe Mbili

Pasipoti ilianguka Kibuye, Jumapili,
kati ya mafungu ya omena na rundo la mitumba.
Polisi wa Kondele akaniandikia karatasi ya upotevu
kwa mwandiko wa mtu anayekimbilia chakula,
nami nikadhani kazi imekwisha.
Kumbe kupoteza kitabu si neno;
neno ni kukiomba kingine.

Dirisha la nne. Binti nyuma ya kioo, kucha za zambarau:
"Mama, hapa naona watu wawili."
Nikatazama nyuma. Foleni ilikuwa ndefu,
lakini hakuwa akiwasema wao.
Pasipoti iliyopotea ilizaliwa Aprili kumi na nne, sitini na nane.
Kitambulisho kilizaliwa Januari mosi, sabini.
"Sasa yupi anasafiri?"

Ningemjibuje?
Januari ni ya karani wa chifu, Katito,
aliyetuzaa vijana arobaini siku moja,
sote Januari mosi, sote bila uchungu,
kwa kalamu iliyokuwa ikikatakata wino.
Aprili ni ya mwalimu Odwar,
aliyenipunguza miaka ili nirudie darasa la saba;
akatazama dirishani, akaona mvua,
akaandika Aprili.

"Basi lete cheti cha kuzaliwa."
Kwetu tulipewa jina, hatukupewa cheti.
Naitwa Amondi: nilizaliwa alfajiri mbichi,
kabla majivu ya jana hayajachokorwa.
Saa ninayo, binti yangu.
Siku ndiyo sina.

Akaacha kuandika. Beji kifuani: Nekesa.
Wakati wa mavuno, upande wa Bungoma.
"Hata langu," akasema chini chini, "linajua msimu tu."
Tukacheka. Tungeunganishwa mimi naye
pengine tungepata nusu ya tarehe.
Kisha mkubwa wake akakohoa nyuma ya kabati,
na fomu ikarudi kwangu chini ya kioo.

Nikapanda Nyabondo, kwenye kitabu cha ubatizo.
Mende walikuwa wamekula pembe za kurasa.
Katekista akateremsha kidole mstari kwa mstari
kama mtu anayetafuta chawa kichwani mwa mtoto,
kikasimama: Amondi, binti wa Oguok na Peresia.
Sitini na tatu.

Sitini na tatu!
Mama alizoea kusema mwaka ule ziwa lilipanda mashambani,
kwamba alinivusha maji yakimfika kiunoni,
nami nikidhani ni chumvi ya hadithi.
Nikaketi kwenye benchi la kanisa
nikazeeka miaka saba kwa dakika moja.
Magoti peke yake ndiyo hayakushangaa.

Ukweli nao una nauli yake:
mahakama, gazeti la serikali, njoo kesho.
Na mwanangu Lavender yuko Doha, mimba ya miezi minane.
Mtoto hangoji jalada.

Wakili yuko juu ya duka la viatu. Mia tano.
"Inua mkono." Nikainua.
Kwamba mimi, Amondi, mwenye Aprili na mwenye Januari,
ni mtu mmoja, yule yule, wala si mwingine;
kwamba tangu leo nitajulikana kwa Januari.
Muhuri ukagonga meza hadi kikombe kikaruka.
Yule wa sitini na tatu hakutajwa.
Alisimama mlangoni, miguu imelowa,
hana karatasi hata moja.

Wiki ya tano, Nekesa akanipa kitabu kipya,
bado kinanuka gundi.
"Hongera, mama, umekuwa kijana."

Usiku ule simu ikalia. Lavender, sauti imechoka:
amejifungua mapema, msichana.
Nikauliza, saa ngapi?
Akanitajia tarehe, na uzito,
na namba ya cheti ambacho tayari kimeshatoka.
Nikasema vyema, Mungu ni mwema.
Nikauliza tena, saa ngapi?