Haki ya Jicho

Daktari Selcen, kijana, koti lake bado lina mikunjo ya dukani,
aliuliza, "Bibi, ni jicho lipi linalokusumbua?"
Bibi Müzeyyen akavua miwani,
akaipangusa kwa ncha ya kitambaa cha kichwa,
akajibu, "La tatu."

Nikatazama sakafu.
Tulikuwa tumeshuka mlima tangu alfajiri, kona juu ya kona,
mimi kwenye usukani, yeye na mfuko wa forosadi kavu mapajani,
na sikutaka waandike kwenye faili kwamba akili imemhama.

Lakini kwetu neno ni moja, göz:
hili la usoni, na lile la kabati
ambalo watu wengine huliita mtoto wa meza.
La tatu kutoka juu limekwama tangu vuli,
tangu mvua ilipovimbisha mbao.
Ndani mna hati ya shamba, meno ya bandia ya babu,
na kitu kingine ambacho hataki kukitaja.

Daktari alicheka, kisha akaacha, maana Bibi hakucheka.
"Nihesabie basi, mwanangu.
Daraja letu la mawe lina macho matatu,
mto Karasu hupita kwenye mawili, la kushoto hupita mbuzi.
Niliolewa kwenye nyumba ya jicho moja,
jicho moja la chumba, watu saba,
na bado tulipata pa kugombania.
Na kiazi: ukikikata usiache jicho kwenye kila kipande,
hukupanda, umezika."

Akafungua mfuko, akamjaza kiganja.
"Kula. Umeziona, zina haki yako."
Ndivyo tunavyosema, haki ya jicho:
chakula kikishaonwa na mtu
hakiliwi tena peke yako.

Neno lenyewe limetoka wapi, mimi sijui sana.
Mwalimu wetu alisema ni ndugu wa kuona, tumbo moja,
ila kifungua mimba ni nani, hakutuambia.
Bomba la uwanjani tunaliita çeşme,
na hilo nalo ni jicho, la Waajemi,
lililokuja kwa miguu likasahau kwao lilikuwa nini;
siku hizi linatoa maji tu.
Na chemchemi iliyo juu ya bustani
Bibi huiita akn, akiwa peke yake.
Alilipata kwa mama yake, mama yake kwa jirani, Yeranuhi,
ambaye kwa Kiarmenia chao
jicho na chimbuko la maji havikuhitaji majina mawili.
Nyumba ya Yeranuhi leo ni ukuta mmoja na mlozi.
Nilipokuwa mdogo niliuliza alikwenda wapi.
Bibi alinipa ndoo, nikateke maji.

Jumanne walimtoa mtoto wa jicho.
Bendeji ilipofunguliwa alinikazia macho kwa muda mrefu.
"Kumbe umezeeka," akasema.

Jumapili, kwa patasi na matusi,
nami nikamtoa mtoto wa kabati.
Hati ilikuwa imeota ukungu. Meno yalikuwa yanacheka.
Chini yake, ndani ya soksi ya sufu,
kikombe cha shaba, mdomo wake umezungukwa na herufi
ambazo mwalimu wetu hakutufundisha.

Hakunipa nikishike. Alipanda nacho mwenyewe,
akihesabu mawe ya njia kwa sauti, kila jiwe,
kama mtu anayehakiki deni.
Akakinga maji pale yanapofumbuka kutoka mwambani.
Nilidhani atakunywa.
Alikwenda hadi kwenye mlozi, akainama kwa shida,
akamimina yote kwenye mizizi, polepole, mpaka tone la mwisho.

"Lakini Bibi, mti una maji yake,"
nikasema, mjinga mimi.

Akakikung'uta kikombe kwenye sketi yake.
"Aliyaona kabla yetu," akasema.