Chakula cha Msumeno

Ubao wa msonobari, sentimita mia na ishirini,
vipande vinne vya thelathini: hesabu ya mtoto.
Thea alipima, akakata. Akapima, akakata.
Akapima, akakata.
Vitatu vilisimama sawa kama sahani kabatini,
cha nne kikachechemea.
Pungufu milimita tisa.

Orrin Corkum hakumfokea.
Alishusha miwani hadi ncha ya pua,
akauliza kwa sauti ya polisi anayetafuta baiskeli:
"Zimekwenda wapi?"
Thea akasema alipima vizuri. Akajibiwa: najua.
Akasema labda futi ni mbovu. Akajibiwa: futi ni ya marehemu baba.
Kisha mzee akainama, magoti yakilia,
akachota sakafuni konzi ya unga wa manjano,
akammiminia kiganjani.
"Hizi hapa."

Ndipo akampa neno. Fupi, la pumzi moja,
kikohozi cha mtu asiyetaka kuamsha nyumba.
Mimi ninayewasimulia nitaliandika kafu.
Msilisome kufu, maana hapa hakuna aliyelingana na mwenzake;
msilisome kufa, bado mapema.
Kafu: upana wa njia ya msumeno.
Si ubao wa kushoto, si wa kulia,
ni kile kilicholiwa ili ziwe mbao mbili.
Tunasema msumeno hukata mbele na nyuma.
Hatusemi kwamba unashiba.

Wakata miti wa bara
huliita hivyo jeraha la shina,
wanalolitazama wajue mti utalala upande gani.
Babu yake Orrin, kule Glace Bay,
alilala ubavu gizani, zamu nzima,
akichonga kafu chini ya ukuta wa makaa
ili baruti ikinguruma makaa yapate pa kuangukia.
Alilikohoa neno hilo mpaka wakamzika.
Na ukitaka ubao mgumu upinde,
ukate mgongoni, mara kumi, mara ishirini,
usifike upande wa pili;
kila mwanya utajifunga kidogo
na ubao utazunguka kama mkono begani.

"Kwa hiyo ni hasara?" Thea aliuliza.
"Ni upana," akasema Orrin,
akarudi kwenye chai yake iliyopoa.

Februari hiyo wazazi wa Thea waligawana nyumba.
Wakili wa Bridgewater aliandika kila kitu:
viti sita, vitatu kwa vitatu,
jokofu huku, gari huku,
mbwa wiki hii kwa baba, wiki ijayo kwa mama.
Jumla ililingana hadi senti.
Thea aliisoma karatasi jikoni, akaigeuza,
akatafuta nyuma yake
ule ubishi wa Jumapili, baba akimenya viazi vinene mno,
mama akimnyang'anya kisu,
wote wawili wakicheka kwa hasira.
Haukuandikwa kwa mama.
Haukuandikwa kwa baba.
Alipangusa meza kwa kiganja, ingawa ilikuwa safi.

Siku hizi huchora mstari kwa penseli iliyochongwa kali,
kisha msalaba mdogo upande wa kutupwa,
meno yapite huko, mstari ubaki mzima.
Bado hukosea. Jana aliukata mstari wenyewe,
mlango wa kabati ya Bi Knickle ukalegea,
na Orrin akaubandika kijiti pembeni bila neno.

Jioni anafagia. Unga unaingia gunia la viazi,
maana Orrin hautupi.
Asubuhi barafu ikizikaza ngazi za karakana
mzee hutoka nalo, koti halijafungwa vifungo,
hunyunyiza kama mtu anayelisha kuku,
nao hupanda, mmoja nyuma ya mwenziwe,
wakikanyaga zile milimita tisa,
bila kuteleza sana.