Kanda la Usufi

Nilikuwa na miaka kumi na mitatu, na baiskeli si yangu.
Filamu moja, majumba mawili, mji mmoja wa Takada:
kipande kikiisha jumba la juu, nakikimbiza la chini.
Bwana Munemitsu, mwenye ngome na mashamba,
aliishi mgongoni mwangu, ndani ya bati,
vipande sita.

Picha hazikuwa na sauti.
Sauti ya jumba la chini alikuwa Mzee Kisaburo,
kando ya pazia, na taa ndogo na bilauri ya maji,
akimsemea bwana, akimsemea mkewe,
akimsemea hata farasi.

Mwaka wa njaa. Mpunga umeoza ukisimama.
Mjumbe kutoka Edo anadai magunia elfu tatu,
na mtunza ghala, Hyogo, aliyecheza na bwana utotoni,
amefungua mlango akawagawia watu.
Sheria ina adhabu moja.
Karatasi imeshaandikwa; umebaki muhuri.
Nilichungulia jumba la juu nikingoja mzigo:
mkono mweupe wa poda ukapanda na muhuri,
ukapanda,
kipande cha tano kikakatika.

Nikakipeleka. Nikarudi kuchukua cha sita.

Theluji ilishuka kama usufi wa mto uliopasuka,
nami nikacheka peke yangu njiani:
mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi!
Anakaa juu ya mkeka, anabeba kijiwe chenye jina lake,
na watu wanamlilia.
Mimi je, na kamba hii inayonikata bega?

Darajani gurudumu likateleza.
Bati likafunguka, na mwisho wa Bwana Munemitsu
ukajikunjua mfereji mzima, mweusi, unang'aa,
ukaenda na maji.

Niliingia na bati tupu.
Watu mia mbili, kimya, pazia jeupe.
Kisaburo aliniangalia magoti, damu,
akanywa maji yake taratibu.
"Bwana amechoka," akawaambia.
"Mkono wake bado uko juu.
Nendeni nyumbani. Msimharakishe."

Hakuna aliyedai nauli ya kiti chake.
Mama mmoja aliinamia pazia kabla ya kutoka.

Nililipa filamu ile kwa mshahara wa miezi tisa.
Wa jumba la juu waliuona mwisho; sikuwauliza.
Hadi leo nikishika kalamu kutia sahihi jambo la mtu,
bega lile linauma,
la kulia, palipopita kamba.