Rangi ya Tano

Jumatatu nilipewa skrepa, kitambaa cha kufunga pua,
na ukuta wa mashariki, toka dirisha la tikiti hadi stoo ya vifurushi.
Ijumaa treni inarudi Moshi, alisema msimamizi Kirita.
Pawe peupe. Watu wa kamera watakuwepo.
Akaondoka na chai yake.

Ukuta hausemi. Unabanduka.
Kwanza ilitoka krimu, nyepesi kama ganda la kitunguu,
rangi ya miaka ambayo hapakupita behewa;
ilipakwa, nadhani, ili jengo lisijione limeachwa.
Chini yake kijani cha shirika, kizito, cha mafuta,
kimeng'ang'ania masizi ambayo masika hazikuyafikia.
Nikanusa kidole. Makaa.
Nimezaliwa katika mji huu, na huo ndio moshi wa kwanza
kuushika kwa mkono.
Chini ya kijani, kahawia.
Chini ya kahawia, chokaa ya Wajerumani,
na hapo skrepa ikalia kama kijiko kwenye sahani.

Matao ni matatu upande wa reli. Nimeyapima kwa mikono, juu ya ngazi:
la kati limewazidi wenzake shibiri moja.
Sijui fundi alikosea
au alitaka gunia la kahawa lipite bila mbebaji kuinama.
Waliochora walichorea kwao. Paa limesimama wima
limwage theluji,
na theluji yetu haishuki, imekaa kule juu
inalitazama paa.
Chumba cha daraja la kwanza kilipewa dirisha la kuuona mlima,
kipande chake, ndani ya fremu.
Daraja la tatu walingojea nje, juani,
wakaupata mlima wote.

Jumatano, pale ilipokuwa mizani ya magunia
(skrubu zake nne bado zimo sakafuni, zimekatwa vichwa)
nikakuta mistari.
Penseli juu ya chokaa. Minne imesimama, wa tano umelala juu yake,
minne, wa tano,
toka gotini hadi juu ya utosi wangu,
na mwanzoni jina: Mbonea.
Hakuwa bwana stesheni. Bwana stesheni alikuwa na daftari.
Huyu alihesabu alichobeba
kwa sababu daftari lilihesabu kingine.
Nilifika mia sita nikapotea, nikaanza upya.
Mia sita arobaini na mitatu.
Mitatu ya mwisho inangoja wa nne.

"Alilipwa?" akauliza Shuma, toka ngazi ya pili.
Nikamwita Kirita. Akatazama simu, ukuta, simu.
"Piga msasa hapo. Halafu praima."

Nikakaa juu ya ndoo
nikiwaza kumfuta mtu kwa msasa namba themanini.
Kisha nikawaza: ni nini kilichomtunza?
Si kumbukumbu ya mtu yeyote. Ni rangi.
Kahawia ilimfunika bila kumjua, kijani kikafunika kahawia,
kila aliyekuja na ndoo yake aifute jana
akaifungia ndani.

Basi msasa sikupiga.
Alhamisi nikaazima penseli iliyokuwa sikioni mwa Shuma;
baada ya mitatu ya Mbonea nikaacha nafasi, sikumkamilishia,
nikachora yangu minne, siku nne,
na wa tano nikauacha kwanza, mpaka Kirita alipe.
Nikachovya brashi. Nikapaka polepole, toka gotini kwenda juu,
kama anayetandika kitanda chenye mtu.

Ijumaa treni ilikuja, imechelewa saa mbili na ushei.
Watu wa kamera waliupenda ukuta.
Mtoto mmoja aliuegemea kuwapisha wenye mizigo,
akapanda behewa na bega jeupe,
mama yake akimfokea, akimpangusa kwa khanga,
na rangi ikizidi kutapakaa.

Kirita alisema Jumatatu.
Penseli ya Shuma ninayo bado.