Mizani ya Lango la Velmuri

Mimi ni mpima sauti wa lango la kaskazini.
Baridi ya Velmuri haiiachi sauti ife:
ikitoka kinywani huganda, hudondoka,
hulia ting! juu ya barafu kama kifungo cha koti,
na mwenyewe huinama kuiokota.
Ndiyo maana watu wetu hawapigi domo njiani.
Mgongo unauma.

Nina meza, nina mizani ya shaba,
nina kitabu cha ushuru chenye madoa ya supu.
Humo imeandikwa:
baragumu la jeshi, vipande kumi.
Ngoma ya kuinulia mawe ya ujenzi, saba.
Filimbi ya kuitia samaki chini ya barafu, viwili.
Kicheko cha mtoto, bure,
ila kikizidi kapu.

Miaka kumi na tisa, na bado hunishangaza.
Waliwahi kuniletea mluzi wa mchunga kondoo,
mdogo kama punje ya ufuta,
uliowageuza kondoo mia mbili ukingoni mwa genge.
Kitanga kikagonga meza.
Siku ileile hotuba ya Gavana Brundemar
ikaja kwa mikokoteni mitatu, imeviringwa kitani.
Tuliipakia yote. Ulimi wa mizani haukutikisika.
Debe tupu, wahenga walishasema;
mimi niliandika "sufuri" kwa mwandiko mzuri.

(Mfukoni nina chafya ya marehemu mama.
Sijawahi kuipima. Hiyo si bidhaa.)

Jana, askari Pelko akiwa ameshika komeo,
alifika Ishkelda, mkwangua ngozi wa mtaa wa chini,
mikono inanuka chokaa,
kwapani mtungi uliozibwa kwa nta.
"Una nini humo?"
"Sina kitu."
"Mbona umekiziba?"

Akakaa kimya, kisha akaongea kwa kunong'ona
ili maneno yaanguke karibu, asihangaike kuyaokota.
Mumewe, Torvun, alikuwa na kinubi cha nyuzi tisa.
Kila mwisho wa baridi alikwenda kuupigia mto
upasuke, mashua zipate kupita.
Uzi wa kwanza, wa pili, hadi wa nane,
halafu alinyamaza kidogo, akimtazama yeye,
kama mtu anayeomba chumvi mezani,
ndipo aguse wa tisa.
Mwaka huu alinyamaza.
Hakugusa.

"Zile nane nimeziuza," alisema. "Njaa haina miiko.
Hiki kilichobaki ndicho kituo."

Niliuweka mtungi kwenye kitanga.
Kikashuka taratibu, bila haya,
kama mtu mzima anayeketi kitini pake.
Upande wa pili nikaweka mawe yote ya serikali,
nikaweka risasi, nikaweka kufuli,
viatu vyangu, mkate wangu wa jioni,
kitabu chenyewe cha ushuru na jalada lake la bati.
Wapi.
Pelko akajifanya anaangalia mwezi,
na mwezi haukuwepo.

Sijui mkono wangu ulitumwa na nani.
Uliingia mfukoni, ukatoa ile chafya,
ukaiweka juu ya mkate.
Hapo ulimi wa mizani ukatetemeka,
ukainuka unywele mmoja,
ukasimama.

Tulitazamana.
Kitabuni hamna ushuru wa kituo.
Niliandika: mtungi mmoja, mtupu, apite.
Akapita, akaelekea mtoni,
nami nikavaa viatu nikala mkate,
nao ulikuwa mchungu kidogo, sijui kwa nini.

Usiku mto uliachia ufa mmoja,
mrefu, kutoka ukingo hadi ukingo.
Hakuna aliyeomba kibali cha kupiga chochote.

Asubuhi nimefuta vitanga kwa siki,
nimetia mafuta, nimekaza skrubu.
Mizani haitaki kurudi sawa;
imeinama kule ulikokuwa mtungi,
hata pasipo kitu.
Wakuu wameniuliza.
Nimewaambia ni kutu.