Bakuli za Mwinyi Ngwachi

Kaburi la Mwinyi Ngwachi
limejaa nyasi mbichi
na vishimo havifichi
bakuli zilizong'oka.

Nilitumwa kulipima,
urefu hata na kima;
akaja mwenye kulima,
akaketi, akacheka.

Jina lake ni Bi Chumu,
mdomo wake ni ndimu;
akanambia, "Mwalimu,
shika kalamu, andika.

"Kwanza kawekwa rehani
kwa Wareno wa ngomeni,
babaye asijekhini
mchele wa kila mwaka.

"Huko akajua mengi:
kusoma nyuso kwa rangi,
na kuinamia wengi
bila shingo kuvunjika.

"Babaye kufa, karudi,
akakuta mahasidi,
ami yake mkaidi
kiti ameshakishika.

"Hakuchomoa jambia;
maghala aliyatia
kufuli, akatulia;
ami kwa njaa katoka.

"Ukubwa Pemba ya kale
si farasi, si mishale,
ni pishi ngapi mchele
ghalani mwako hufika.

"Wamanga walipotia
nanga, hakusubiria,
usiku kawandikia,
Mreno hajaamka."

"Msaliti!" nikanena.
Akasonya, akaguna:
"Hivi umepata ona
mji mzima kuwaka?

"Wetu haukuungua
hata paa la mabua;
wake wakatwanga, mvua
ikanya vile yataka.

"Akajenga boma nene
na bawabu wawe wanne,
kwa hofu asiinene
usiku iliyomshika.

"Kisha mwanawe, Shaali,
akampeleka mbali:
rehani, mara ya pili.
Barua zikakatika.

"Akavua na kilemba,
akaenda zake shamba;
siwa yake ya kutamba
panya wakaizunguka.

"Na bakuli? Ni zawadi
za mabwana, si za Idi;
kila alipoahidi
moja ikaongezeka.

"Ile kubwa, ya Japani,
niliiona zamani:
mna bwana mlangoni,
mgongo umepindika."

"Kazing'oa nani, mama?"
Jembe lake akachoma
chini, kisha akasema:
"Mimi. Njaa ilifika.

"Pishi mbili kwa bakuli.
Wanangu wakala wali.
Naye, bwana wa akili,
najua angeridhika."

Nikaandika vipimo,
urefu, kina cha shimo;
jina la Chumu halimo:
Bakuli zimetoweka.